Taa ya Sinema na Tanuri la Mzee Mgaya

Siku yangu ya kwanza kazini niliambiwa nisiguse kitu chochote. Nilishangaa, maana nilikuwa nimeajiriwa niwe dereva, na dereva asiyegusa kitu sijui gari anaendeshaje. Ilikuwa Makambako, enzi za Mwingereza. Msiifikirie Makambako hii ya leo. Palikuwa njia panda tu, na maduka machache ya mabati, na kambi ya vibarua waliokuwa wakingoja malori ya kwenda mashamba ya mkonge. Upepo ndio ulikuwa huu huu. Karibu na kambi lilikuwa limeegeshwa gari la kijani la serikali, na ndani ya gari hilo mlikuwa na sinema.

Mkubwa wangu wa kwanza tulimwita Bwana Sinema. Alikuwa Mzungu mwembamba, mwenye haraka, aliyetumwa kuzunguka nyanda zetu za juu akionyesha filamu za kufundisha watu: jinsi ya kulima matuta, jinsi ya kuchimba choo, hasara za kuchoma misitu. Alinipitisha kwenye vifaa vyake kimoja kimoja nikiwa nimefunga mikono nyuma kama mwanafunzi. Hii ni jenereta, injini ndogo ya kuvuta kwa kamba, inatupa umeme. Hii ni projekta, mashine inayopitisha mkanda wa filamu mbele ya taa kali, na picha inakwenda kukaa kwenye shuka jeupe kule mbele. Alipofika kwenye ile taa, sauti yake ilishuka kabisa.

"Balbu hii inakuja kwa meli," alisema. "Ikiungua, hakuna sinema mpaka meli nyingine. Sasa niambie, mkanda ukiisha utafanya nini?"

"Nitazima, Bwana."

"Lini?"

"Ukiisha."

"Mara moja! Shuka likibaki jeupe, mkono wako uwe umeshafika kwenye swichi. Hatuwaonyeshi watu mwanga mtupu."

Nikalishika hilo. Nilikuwa mtu mzima mwenye mke na shamba la viazi, nilitaka kazi, na mkono wangu ukazoea. Mkanda ukiisha, nazima. Watu walibaki gizani na maswali yao mdomoni, sisi tukikunja shuka. Nakumbuka bibi mmoja alinishika koti nikiwa nabeba jenereta, akaniuliza kuhusu yule mtu aliyekuwa akichimba matuta kwenye picha: je, kule alikotoka wamempa chakula? Maana amechimba tangu mwanzo mpaka mwisho hajala. Nilicheka. Kisha njiani nikajikuta namfikiria yule mchimbaji, ni nani, na kweli alikula nini siku ile. Hilo swali halikunitoka, na naona ndilo lililonitayarisha kwa kazi niliyokuja kuipenda kuliko zote.

Baadaye gari la sinema lilihamishiwa jimbo jingine, na mimi nikapelekwa Njombe mjini, ofisi ya Bwana Shauri. Yeye alikuwa msaidizi wa mkuu wa wilaya, mtu wa mihuri na vibali, mwema kwa namna yake lakini asiyependa jambo lisilo na safu ya kuliandika. Kazi yangu ilikuwa kuendesha gari na kutunza projekta ya zamani waliyotuachia, pamoja na mikanda kadhaa iliyochakaa. Hapo ndipo aliponikuta Mama Kimya.

Jina lake la Kizungu lilikuwa refu, na sisi tulimpa letu. Hakuwa mtumishi wa serikali. Hakuwa mtu wa misheni, wala wa kampuni za miwati zilizokuwa zikipanda miti yao kilima baada ya kilima. Alikuwa na gari lake kuukuu lenye turubai, kamera yake, na nia yake mwenyewe: kupiga filamu za kazi ambazo, kwa maneno yake, watu walikuwa wanaziweka chini bila kuaga. Alimwomba Bwana Shauri amwazime dereva anayejua Kibena na asiyeogopa mashine. Bwana Shauri aliniangalia, akaliangalia lile gari kuukuu, akasema nichukuliwe, nadhani kwa kunionea huruma.

Safari yetu ya kwanza ilikuwa Lupingu, chini kwenye Ziwa Nyasa. Barabara haikufika. Tuliteremka milima kwa miguu pamoja na wapagazi, tukitoka kwenye baridi yetu na kuingia kwenye joto la ziwa. Huko alikuwapo mzee anayechonga mitumbwi kutoka gogo moja. Nilidhani tutafungua sanduku la kamera siku hiyo hiyo. Mama Kimya aliketi kwenye vibanzi vya mti, akamtazama mzee akichonga, na ikawa hivyo siku hiyo, na iliyofuata, na iliyofuata tena. Mzee akipumzika, naye anapumzika. Mzee akila, naye anakula. Hata mimi ninayependa kukaa nilichoka kukaa.

"Mama," nilimwuliza, "tumekuja kupiga picha au kukaa?"

"Kukaa," alisema. Kiswahili chake kilikuwa cha polepole, kila neno analipima kwanza. "Sijui bado ninatazama nini. Wewe unajua?"

"Anachonga mtumbwi."

"Ndiyo. Lakini kwa nini kila asubuhi anaugonga kwanza kwa kiganja, kisha anasikiliza?"

Sikuwa nimeona. Nilikuwa nimekaa palepale na macho yangu mawili, na sikuwa nimeona. Kesho yake nilimwangalia vizuri, na kweli, mzee aligonga, akainamisha sikio, akasogea, akagonga tena. Alikuwa akisikiliza unene wa mti, ajue wapi pa kupunguza. Tangu hapo nikaacha kuchoka. Nikawa na hamu kama ya mtu aliyefunguliwa dirisha upande wa nyumba asioujua.

Alikuwa na sheria moja tu, na aliishika kwa ukali. Usimwambie mtu angoje. Usimwambie arudie. Kamera yetu ilikuwa ya kujaza ufunguo kama saa ya ukutani: ukishajaza, inakimbia muda mfupi, kisha inasimama ujaze tena. Mkanda wake nao ulikuwa mfupi. Ukiisha, unaingiza kamera na mkanda mpya ndani ya mfuko mweusi wenye mikono miwili, unapitisha mikono yako humo, na unabadilisha kwa kupapasa, kwa sababu mwanga wa jua ukiugusa mkanda unaufuta. Wakati huo kazi ya watu inaendelea. Kikikupita kitu, kimekupita.

"Akirudia kwa ajili yetu," alinieleza, "itakuwa picha ya mtu anayetupendeza. Sikuja kupiga hiyo."

Bwana Shauri alipoziona picha za Lupingu, muda mrefu baadaye, aliuliza kwa nini mzee anaonekana ameketi tu, hafanyi kitu. Mama Kimya akamjibu kwamba hapo ndipo alipokuwa akifikiri. Bwana Shauri akatafuta pa kuandika hilo, akakosa.

Sasa niwaambie habari za Mzee Mgaya, maana ndizo zilizonifanya niandike.

Upande wa Igwachanya alikuwapo mzee mmoja mfua chuma, na si mfua chuma wa kuchukua springi za malori na kuzinyoosha, la. Huyu alijua kutoa chuma kwenye mawe. Zamani kila kiangazi yeye na wenzake walikwenda bondeni, wakajenga tanuri la udongo refu kuliko mtu, wakalijaza makaa na mawe ya chuma, na kulipulizia kwa mivukuto, yaani mifuko ya ngozi ya mbuzi inayosukuma upepo kupitia mirija ya udongo. Majembe ya huko yalitoka humo. Hata majembe ya mahari yalitoka humo. Kisha likaja jembe la dukani, na tanuri likakaa miaka mingi bila moto.

Tulimkuta amekaa juani, blanketi begani. Nikamwamkia, "Kamwene," naye akaitikia huku akigeuza uso upande wa sauti yangu. Macho yake yalikuwa yameanza kufunikwa na utando mweupe. Mchana wa jua kali aliona. Kivulini alitujua kwa sauti. Mke wake, Mama Eliza, alikuwa akimenya viazi hatua chache kutoka hapo, mwanamke wa kanisani, kitambaa cheupe kichwani, mwepesi wa kucheka.

Tulikaa pale kama kawaida yetu. Mama Kimya hakuomba kitu. Mzee mwenyewe ndiye aliyelianzisha, siku ambayo hatukuwa hata tukizungumza habari za chuma.

"Nitaliwasha," alisema. "Wenzangu wawepo, mimi nipo. Lakini nina sharti. Mke wangu alione."

Mama Eliza aliacha kumenya.

Lazima niwaeleze sharti hilo lilikuwa zito kiasi gani. Tanuri likiwaka, mwanamke hakaribii. Hata njia ya bondeni haikanyagi. Wanaume hulala huko huko mpaka chuma kitoke, na mke aliyebaki nyumbani ana kazi yake: moto wa jikoni kwake usizime mchana wala usiku, maana ukizima huo, waliamini, na ule wa bondeni unapoa. Ndivyo walivyoishi wawili hawa. Kila kiangazi Mzee Mgaya alikwenda kwenye moto wake, na Mama Eliza alikaa na wake.

"Miaka yote hiyo nachochea kuni," Mama Eliza alituambia, "na sijui nachochea nini. Huyu akirudi namwuliza, kulikuwaje? Ananiambia, kulikuwa moto. Jamani, moto hata mimi ninao!"

Mzee alicheka mpaka akakohoa. Kisha akasema taratibu, "Sijui kulieleza. Na sasa naona macho yananikimbia. Nataka tulitazame tanuri sisi wawili kabla hayajakwisha. Mnasema picha zenu zinatembea. Basi hiyo picha, yeye aione, nami nikae kando yake."

Wenzake wa mivukuto waliitwa, na hapo pakawa na ubishi mzuri kuliko mabaraza mengi niliyowahi kusikia. Je, picha ya tanuri ni tanuri? Mwanamke akiiona, amevuka mwiko au hajavuka? Mmoja alisema kuona ni kuona tu. Mwingine akasema, mbona kivuli cha ng'ombe hakikamuliwi. Nilikuwa na ile projekta ya zamani garini na mkanda mmoja wa serikali, ule wa hasara za kuchoma misitu. Mama Kimya akaniambia niuonyeshe. Tukaziba madirisha ya darasa la shule ya kanisa kwa mablanketi, mchana, nikavuta kamba ya jenereta, na moto mkubwa ukawaka kwenye shuka.

Mzee Mgaya alinyanyuka. Akaenda mpaka kwenye shuka, uso karibu unagusa, akaweka kiganja katikati ya ndimi za moto. Akakaa hivyo kitambo. Miale ilikuwa ikimpita juu ya vidole.

"Baridi," alisema. Akawageukia wenzake. "Njooni mshike."

Wakaenda mmoja mmoja, watu wazima wenye mvi, wakiupapasa moto wa serikali kwa viganja. Wakakubaliana: kisichounguza si tanuri. Mama Eliza ataruhusiwa.

Lakini lilibaki jambo moja, nalo lilikuwa limekaa wazi mbele yetu wote bila kusemwa. Mama Kimya naye alikuwa mwanamke.

Tulirudi Njombe kwa mahitaji, na Bwana Shauri alipopata habari hiyo aliona ni upuuzi. "Una kibali," alimwambia. "Kibali kinasema uende popote wilayani. Hao wazee hawawezi kukuzuia."

"Hawajanizuia," Mama Kimya alisema. "Hata hawakuniambia. Ndiyo maana siwezi kwenda."

"Sasa filamu utaipigaje?"

Akanielekeza kidole. Nami nilitazama nyuma yangu nione anaelekeza nani.

Ndivyo nilivyokuwa mpiga picha. Hakuna chuo, hakuna cheti. Alinifundisha nyuma ya gari kwa kamera isiyo na mkanda, kujaza ufunguo, kupima mwanga, kugeuza lenzi mpaka kitu kikae wazi. Alinifunga macho kwa kitambaa anifundishe kubadilisha mkanda kwa kupapasa. Sikuogopa mashine, niliogopa kuvunja ahadi ya mtu. Maana hesabu ilikuwa wazi kwetu sote: mkanda ukishapigwa, unapelekwa Ulaya kwa meli kusafishwa, na unarudi kwa meli. Pengine baada ya mvua.

"Macho yangu yatangoja?" Mzee Mgaya aliuliza.

"Sijui, Mzee," alisema Mama Kimya. Hakujua kusema uongo wa kutuliza watu.

"Basi tuwashe upesi."

Walijenga tanuri bondeni. Kila nilichokiona kilinifanya nitake kuuliza, na nilikatazwa kuuliza, basi nikatazama. Niliwaona wakikanda udongo kwa miguu wakiwa wameshikana mabega. Niliwaona wakipanga mirija, Mzee Mgaya akiingiza mkono wake kila tundu kujua kama imekaa sawa, maana ndani kulikuwa giza na macho yake hayakufaa. Waliimba wakisukuma mivukuto, na wimbo ndio uliopanga pumzi: ukiharakishwa, upepo unakuwa mwingi, ukilegezwa, unapungua. Kamera yetu haikunasa sauti. Nilijua hivyo, na bado nilijikuta naielekeza kwenye midomo yao.

Mzee mwenyewe hakusukuma. Aliketi ameliegemeza sikio upande wa tanuri, uso umejaa jasho, akisikiliza linavyonguruma. Nikamkumbuka yule mchonga mitumbwi wa Lupingu. Nikajaza ufunguo na kumpiga picha akiwa hafanyi kitu.

Kule nyumbani, Mama Kimya alikaa na Mama Eliza jikoni. Hakuwa na kamera, kamera ilikuwa kwangu. Waliniambia baadaye kwamba walipokezana kuchochea kuni na kwamba Mzungu yule alikuwa na moshi machoni siku zote hizo na hakutoka nje.

Asubuhi ya kumaliza, Mzee Mgaya aliinua mkono, na mivukuto ikasimama. Kimya kilichofuata kilinishtua. Nilitazama kipimo cha kamera nikaona mkanda umekwisha. Nikaiingiza upesi kwenye mfuko mweusi, nikapitisha mikono, nikaanza kupapasa. Na wakati huo huo wakalivunja.

Walipiga ukuta wa tanuri kwa magogo, pigo moja, la pili, udongo ukaporomoka, na mwanga uliotoka mle ndani sijawahi kuuona mahali pengine popote. Ulikuwa mweupe. Nilikuwa nikidhani chuma kikiwaka ni chekundu. Kilikuwa cheupe, na watu wote waliokuwa mbele yake wakawa weusi kama miti wakati wa jua kuzama. Bonge la chuma likavutwa kwa miti mibichi inayofuka moshi. Macho yangu yalikuwa yameshiba mwanga, na mikono yangu ilikuwa gizani kwenye mfuko hadi viwiko. Neno "ngojeni" lilifika hapa, kooni. Wangengoja! Walikuwa watu wema. Lakini nililimeza, na nilipotoa kamera tayari imefungwa, lile bonge lilikuwa limekwisha kuwa jekundu, kisha kahawia, na wazee walikuwa wakikwangua mavi ya chuma, yale mabaki machafu yanayogandia. Sikupiga tena.

Nilipomwambia Mama Kimya, nilikuwa karibu kulia, na sioni aibu kusema. Alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaniuliza, "Uliona?"

"Niliona, Mama."

"Vizuri." Hayo tu.

Mikanda ilikwenda Ulaya. Huko wakubwa wa kampuni moja ya filamu waliitazama, wakamwandikia kwamba wangeinunua, ila filamu ya chuma isiyoonyesha chuma kikitoka ni kama chakula bila chumvi. Wazee warudie tu ile sehemu ya mwisho, kidogo, mbele ya kamera. Mimi nilikuwa upande wa hao wakubwa, nawaambia ukweli. Nilimbishia Mama Kimya njia nzima ya Makambako mpaka Njombe. Nilimwambia Mzee atakubali, tena kwa furaha.

"Najua atakubali," alisema. "Ndiyo maana simwombi."

Nilimkasirikia. Nilimwona mkaidi, mtu anayechezea kazi ya watu kwa ajili ya sheria aliyojitungia. Nikaendesha gari.

Mvua zilikuja zikaisha. Ulanzi, ile pombe ya mianzi, ulikuwa umejaa vibuyuni watu walipokusanyika tena kwenye lile darasa la shule, mablanketi yakiwa madirishani. Mama Eliza alikuja na kitambaa chake cha kanisani, akimwongoza mumewe kwa fimbo, yeye ameshika ncha moja na mzee nyingine. Hapo nilijua. Nilimkaribia, nikamwamkia.

"Kamwene, mwanangu," alisema Mzee Mgaya. "Tumechelewa kidogo. Sasa naona mlango ukifunguliwa na ukifungwa, basi. Mwanga naujua. Watu siwaoni."

Mama Kimya alikuwa amesimama hapo kando, na kwa mara ya kwanza nilimwona ametazama chini. Mzee ndiye aliyetuokoa. "Mbona mmenyamaza? Mke wangu macho yake mazima. Washa."

Nikawasha. Tanuri likatokea kwenye shuka, na bonde, na wanaume. Wanawake waliokuwa kwenye mabenchi wakaguna wote pamoja, Mama Kimya akiwa katikati yao, naye akiliona mara ya kwanza. Darasani hapakuwa na sauti nyingine ila ya projekta. Kisha Mama Eliza akaanza.

"Baba Eliza, mnakanyaga udongo. Mmeshikana kama wachumba."

"Ndiyo. Ili tusiteleze."

"Sasa wanasukuma. Wanafungua midomo. Wanaimba?"

Wenzake wa mivukuto, waliokuwa wameketi nyuma, hawakungoja. Waliuanza ule wimbo, na wakauingiza sawasawa na mikono yao wenyewe iliyokuwa ikipanda na kushuka kwenye shuka.

"Na wewe nakuona," alisema Mama Eliza. "Umekaa umelaza sikio upande mmoja. Hufanyi kitu. Kumbe kila kiangazi ulikwenda kukaa!"

Darasa zima likacheka, na mzee mwenyewe akacheka kuliko wote. "Nilikuwa nasikiliza."

"Nakuona," alisema tena, na sasa sauti yake ilikuwa nyingine. "Jasho limekujaa. Nakuona vizuri."

Kwenye shuka, Mzee Mgaya aliinua mkono. Mivukuto ikasimama, na wimbo kule nyuma ukasimama nao. Nilijua kinachokuja, maana niliupiga mkanda huo mwenyewe. Baada ya mkono ule hapakuwa na kitu tena. Ncha ya mkanda ilipita, shuka likabaki jeupe, na mkono wangu, kwa mafunzo ya Bwana Sinema, ukawa umeshafika kwenye swichi.

"Hapo!" Mzee Mgaya alisimama. Alikuwa ameelekeza uso wake kwenye ule mweupe mtupu, macho yamefunguka. "Mama Eliza, unaona? Hapo ndipo tulipovunja! Ulikuwa mwanga kama huu. Huu huu."

Mkono wangu ulitulia juu ya swichi.

"Naona mweupe mtupu," alisema Mama Eliza.

"Ndivyo kulivyokuwa. Huoni kitu kwa huo mweupe. Ungoje. Kwanza joto linakupiga usoni, unafumba. Ukifumbua, bonge lipo katikati, limekaa kama mtoto aliyekunjwa miguu. Tunalivuta. Mti mbichi unalia, unatoa maji. Mimi ndiye wa kwanza kulikaribia, kila mara mimi. Na kila mara nafikiria, yule kule nyumbani hajazima."

"Sikuzima," alisema Mama Eliza. "Hata siku moja."

"Najua. Chuma kilitoka."

Akaendelea kumweleza: rangi zinavyobadilika, mlio wa bonge likianza kupoa, harufu, nani alichomwa wapi mwaka gani. Yule mtu aliyesema hajui kueleza! Mama Eliza alimwuliza maswali yote aliyoyaweka miaka yote hiyo, naye akamjibu yote, wamesimama wawili mbele ya shuka jeupe lisilo na picha, vivuli vyao vimeangukia humo. Balbu ya projekta ilikuwa ikiwaka bure, kwa hesabu ya Bwana Sinema. Nilimtazama Mama Kimya. Alitikisa kichwa taratibu: usizime. Lakini hakuwa na haja ya kuniambia.

Mzee Mgaya alifariki kabla ya Uhuru, na Mama Eliza alimfuata. Mama Kimya alirudi kwao, akaniachia kamera. Filamu haikununuliwa na mtu. Nilipiga nyingine nyingi, za serikali na zangu, na wakubwa wangu wa baadaye, vijana wenye vyeti, walinilalamikia jambo moja daima: Mwalongo, mbona mkanda umekwisha na taa bado inawaka? Niliwajibu kwamba nangoja.

Sasa nimestaafu, nakaa Mjimwema, na wajukuu zangu wanatazama picha zao viganjani. Picha ikiisha tu, wanafuta, wanafungua nyingine. Huwauliza, yule mliyemtazama, amekula? Wananicheka kama nilivyomcheka yule bibi wa Makambako. Siwalaumu. Nawaambia tu kwamba kazi yangu yote niliyoifanya, kama kuna siku niliifanya sawasawa, ni siku ile ambayo sikuwa na picha ya kuonyesha, ila taa.

Niliiacha ikiwaka mpaka watu waliokaa nyuma wakaanza kutoka mmoja mmoja kwa heshima, wakatuacha. Mwishowe Mama Eliza alishika ncha yake ya fimbo, akaiweka nyingine mkononi mwa mumewe, akanigeukia.

"Zima sasa, mwanangu," alisema. "Tumeona."